Gobi wa Shimo: Mchanga Kwanza, Samaki Baadaye

Nilikuwa nimepanga wiki hii tuzungumze minyoo ya mbuzi, lakini minyoo itasubiri kidogo. Mwezi huu nimepokea maswali matatu, moja la Kilifi, moja la Nyali na moja la Nairobi, na ukiyatazama vizuri ni swali moja tu. Kuna samaki mdogo wa baharini anayeishi shimoni pamoja na kamba. Watu wanamnunua, wanamweka kwenye tangi la kioo sebuleni, na baada ya wiki mbili anakufa. Wanauliza, shida ni dawa gani wanunue?

Najua kuna watakaosema, "Bwana afisa, wewe una kazi gani na samaki asiyeliwa?" Huyu ni mfugo kama kuku. Ana banda lake, ana chakula chake, na ana njia zake za kufa ambazo ukizijua unazizuia. Halafu msisahau kwamba huku Pwani kuna vijana wanaozamia kuvua samaki wa mapambo kwa vyavu vidogo vya mkono, mmoja mmoja, na wengi wa samaki hao husafirishwa nje ya nchi. Gobi anapokufia kwenye meza yako siku ya kumi na nne, pesa yako imekwenda, na kazi ya yule mzamiaji imekwenda pia. Bahari nayo imepungukiwa samaki ambaye hata hakuliwa.

Sasa jibu. Hakuna dawa ya kununua. Wote watatu mmeniambia tangi ni kubwa kiasi gani, pampu ni ya aina gani na taa ni ya rangi gani. Hakuna hata mmoja aliyeniambia habari za mchanga: una kina gani, ni laini au una vipande, umekaa humo muda gani kabla ya samaki kuingia. Na samaki huyu maisha yake yote ni mchanga. Ukimfuga gobi wa shimo, unachofuga hasa ni shimo.

Kwanza ujue umeuziwa nani

Hapa wengi hupotea kwa sababu muuzaji huwaita wote "gobi" akamaliza. Gobi ni ukoo mkubwa sana. Kwa kazi yetu nitawagawa mafungu mawili.

Fungu la kwanza ni gobi mlinzi. Huyu ndiye anayeishi na kamba wa jamii ya Alpheus. Kamba anachimba, gobi analinda mlango. Katika maji ya Afrika Mashariki tunaye Amblyeleotris wheeleri, mwenye mikanda myekundu mwilini, na Cryptocentrus lutheri, ambaye anapatikana kuanzia Bahari ya Shamu na Ghuba hadi Tanzania. Huyo wa pili alipewa jina la Mjerumani Wolfgang Luther, aliyeandika kuhusu urafiki wa gobi na kamba katika Bahari ya Shamu miaka ya 1950. Wote ni wadogo, sentimita 10 hivi, na hawahitaji uwanja mkubwa wa kuogelea. Wanakaa mlangoni kama mzee wa mtaa kwenye baraza, wanaona kila anayepita.

Fungu la pili ni gobi mchekecha mchanga, jamii ya Valenciennea. Yule mwenye kichwa cha manjano na mstari wa buluu chini ya jicho, Valenciennea strigata, ndiye anayependwa zaidi na wanunuzi. Huyu anabugia mchanga mdomoni, anauchekecha kwa matamvua, mchanga unatoka na vijidudu vinabaki. Anafanya hivyo kutwa nzima. Ukimwona dukani utasema huyu ndiye, atanisafishia tangi bure!

Wacha niwaambie ukweli. Mchekecha mchanga kwenye tangi jipya ni samaki anayekufa njaa mbele ya macho yako huku anaonekana anakula. Mchanga mpya hauna kitu ndani. Anachekecha, anachekecha, na hapati chochote. Wiki ya kwanza utamsifu kwa bidii yake. Wiki ya pili tumbo linaingia ndani, mgongo nyuma ya kichwa unakonda, na wiki ya tatu humwoni tena. Nikiangalia picha alizonituma msomaji wa Nyali, ndicho kilichomtokea wake: tumbo limebonyea kama la ng'ombe wa kiangazi. Huyu anataka tangi la lita 200 au zaidi, lililokaa miezi kadhaa mpaka mchanga ukawa na uhai wake, na bado umlishe mara tatu kwa siku. Kama ndiyo kwanza unaanza, muache dukani. Chukua mlinzi.

Sakafu ya nyumba

Mkulima anajua kwamba udongo ndio shamba. Basi hapa ni vivyo hivyo.

Mchanga uwe wa matumbawe au wa maganda ya chaza na kome yaliyosagika, uwe na chokaa, usiwe mchanga mwekundu wa mtoni wala ule wa kujengea. Kina kiwe sentimita 7 hadi 10. Tena usiwe laini wote. Mchanga laini peke yake ni kama kuchimba kisima kwenye vumbi, kila anachochimba kamba kinamwangukia. Changanya laini na chembe kubwa kidogo, kisha ongeza ngumi mbili tatu za vipande vya maganda na changarawe ya matumbawe. Kamba ni fundi. Anachukua vipande vile na kuvipanga mlangoni na kwenye dari ya njia yake kama fundi anavyojenga ukuta wa mawe. Usipompa vifaa hawezi kujenga, na asipojenga gobi anakaa wazi, anahangaika, hali.

Hesabu ya haraka kwa tangi la urefu wa sentimita 80 na upana wa 35: mchanga wa kina cha sentimita 7 ni karibu lita 20, yaani kilo 30 hivi. Ongeza maji kilo 100, mawe, na kioo chenyewe. Umepita kilo 150, karibu magunia mawili ya mahindi juu ya meza moja. Kwa hiyo ile meza ndogo ya televisheni isahau.

Jambo linaloua wengi kimyakimya ni mawe. Watu wanamwaga mchanga kwanza, halafu wanapanga mawe juu yake, inapendeza. Kamba anaanza kazi yake usiku, anachimba chini ya jiwe kwa sababu jiwe ni paa zuri. Mchanga unatoka, jiwe linashuka, na gobi na kamba wako chini yake. Au jiwe linaegemea kioo na unaamka na sebule imejaa maji ya chumvi. Panga mawe kwanza, yakae juu ya kioo cha chini yenyewe, yasitikisike hata ukiyasukuma kwa mkono. Ndipo umwage mchanga kuyazunguka. Kamba achimbe atakavyo, jiwe haliendi popote.

Mawe hayo mtayatoa wapi? Msiende kuyavunja baharini. Hifadhi za bahari za Malindi na Watamu ziliwekwa mwaka 1968, na ndani ya hifadhi zile hakuna kutoa jiwe, ganda wala samaki. Hata nje ya hifadhi, matumbawe yanalindwa na biashara yake inahitaji vibali. Mimi napendekeza mtengeneze ya saruji: changanya saruji na maganda yaliyosagika, finyanga mabonge yenye matundu, yakishika yaloweke kwenye maji matamu kwa wiki kadhaa huku unabadilisha maji, mpaka ukali wa saruji uishe. Saruji mbichi inapandisha pH na kuua kila kitu.

Sukuma pia kipande cha bomba la plastiki, upana wa sentimita 2 au 3, kiingie mchangani kwa mshazari, mdomo mmoja ubaki wazi chini ya jiwe. Hiyo ndiyo nyumba ya muda. Watakaa humo siku za kwanza, na kamba ataiongezea vyumba mwenyewe.

Maji, na kusubiri

Kwa walio Pwani, maji ya bahari ni ya bure lakini si kila maji. Chota bahari ikiwa imejaa, mahali pa wazi, mbali na mito na mbali na makazi. Usichote Tudor wala Mtwapa ndani ndani, mikono ile ya bahari inapokea maji machafu. Masika Mto Sabaki unaleta tope mpaka bahari ya Malindi inageuka kahawia, wakati huo subiri au utengeneze maji mwenyewe. Ukishachota, chuja kwa kitambaa safi na uyaweke kwenye mtungi wenye kifuniko, gizani, siku kadhaa kabla ya kutumia.

Wa Nairobi atanunua chumvi maalum ya tangi la bahari, kiasi cha gramu 35 na kidogo kwa kila lita. Chumvi ya kupikia haifai hata kama imetoka kwenye mabwawa ya Gongoni. Maji ya bahari yana magnesiamu, kalsiamu na vitu vingine vingi ambavyo chumvi ya jikoni haina. Maji ya mfereji yatolewe klorini kwanza. Kipimo cha chumvi kionyeshe kati ya 1.023 na 1.026. Joto nyuzi 24 hadi 27, kwa hiyo Nairobi mwezi wa saba unahitaji hita, na Mombasa mwezi wa tatu unahitaji feni inayopuliza juu ya maji. Maji yakipungua kwa kukauka, ongeza maji matamu, maana chumvi haikauki, inabaki. Ukiongeza ya chumvi kila mara, baada ya mwezi una achari.

Halafu subira. Hapa nawafananishia na mbolea ya samadi. Huwezi kuweka samadi mbichi kwenye miche, inaunguza, lazima iive. Tangi nalo linaiva. Uchafu wa samaki na chakula kilichobaki vinatoa amonia, ambayo ni sumu. Kuna bakteria wanaoigeuza amonia kuwa naitraiti, nayo ni sumu, na wengine wanaoigeuza naitraiti kuwa naitreti, ambayo samaki wanaivumilia ikiwa kidogo. Bakteria hao wanakaa kwenye mchanga, mawe na chujio, na wanachukua wiki 4 hadi 6 kuongezeka vya kutosha. Weka kipande cha kamba wa sokoni kioze humo ndani, pima maji kila siku mbili tatu. Utaona amonia inapanda na kushuka, kisha naitraiti inapanda na kushuka. Zote mbili zikisoma sifuri wiki nzima, tangi limeiva. Ndugu wa Kilifi aliyejaza maji Jumamosi asubuhi na kuweka samaki Jumamosi jioni, sina la kuongeza. Samaki aliwekwa kwenye samadi mbichi.

Mlinzi na fundi

Inafaa nieleze hawa wawili wanaishi vipi, kwa sababu ukilielewa hili nusu ya makosa hutayafanya.

Kamba haoni vizuri. Anapotoka nje kusukuma mchanga kama tingatinga, anaweka mkonga wake mmoja juu ya mwili wa gobi. Gobi akiona hatari anatikisa mkia kidogo, kamba anarudi ndani mara moja. Hatari ikiwa kubwa, gobi mwenyewe anaingia kichwa mbele, mlango unabaki mtupu. Mtafiti Ilan Karplus na wenzake waliwachunguza miaka mingi kule Eilat, Bahari ya Shamu, na wakaeleza ishara hizi za mkia kwa undani. Jioni wote wanaingia, na mara nyingi mlango unazibwa mpaka asubuhi. Kwa hiyo usipige kioo usiku na tochi ukimtafuta. Amelala.

Utasikia pia mlio, tak! kama kioo kimepasuka. Msomaji wa Nairobi alidhani tangi linavunjika. Hapana, ni kamba na gando lake kubwa. Mwaka 2000 watafiti walionyesha kwamba mlio ule hautokani na gando kugongana, unatokana na kiputo kinachozaliwa maji yanapofyatuliwa kwa kasi, kisha kiputo hicho kinapopasuka ndipo unasikia tak.

Je, gobi mlinzi anaweza kuishi bila kamba? Kwenye tangi, ndiyo, akiwa na bomba lake na jiwe. Lakini anakuwa mwoga, anakaa ndani, na mwoga hali vizuri. Pesa ikiruhusu, nunua wote wawili, tena kwa muuzaji mwenye leseni. Uliza gobi huyo ameshaonekana akila. Mwambie muuzaji amlishe mbele yako. Akikataa chakula dukani, nyumbani kwako hataanza. Mkifika nyumbani, zima taa, acha maji ya tangi yadondoke polepole ndani ya ndoo yao kwa saa moja au zaidi, maana kamba haponi haraka kutokana na mabadiliko ya chumvi. Kisha waachie karibu na mdomo wa lile bomba. Wataonana wenyewe, pengine usiku uleule, pengine baada ya siku kadhaa.

Usiwaweke gobi walinzi wawili isipokuwa umehakikisha ni dume na jike walioshikana, la sivyo watapigana mpaka mmoja aruke nje. Na usimwekee jirani mbaya: kikande, chewa na mkunga wote wanamwona kamba kuwa ni mlo.

Chakula, kifuniko na sumu ya nyumbani

Mlishe mara mbili kwa siku, kidogo kidogo, nyama inayozama: kamba mbichi aliyekatwa vipande vidogo sana, uduvi uliooshwa chumvi, au Artemia waliogandishwa. Artemia ndio wale wadudu wadogo wa maji ya chumvi kali walioletwa kwenye mabwawa ya chumvi ya Gongoni miaka ya 1980. Gobi hafuati chakula juu. Kipeleke mlangoni kwa sirinji iliyounganishwa na mrija mwembamba, mimina polepole, utaona anadaka. Kipande kinachomponyoka kamba atakizoa.

Kifuniko hakina mjadala. Gobi akishtuka anaruka, na anapita tundu ambalo hukudhani kidole kinapita. Wavu laini juu ya tangi lote, pamoja na pale pembeni bomba na nyaya zinapopita. Samaki wengi wa aina hii hawafi kwa ugonjwa. Wanapatikana asubuhi nyuma ya kochi, wamekauka.

Na hili nawaambia hasa wakulima. Mkono uliotoka kuogesha ng'ombe dawa ya kupe usiingie kwenye tangi. Nyingi za dawa hizo, na zile za kupuliza mbu na mende ndani ya nyumba, ni za jamii ya paireto, ambazo zinaua samaki kwa kiasi kidogo mno, na kamba ndiye wa kwanza kufa kwa sababu ni ndugu wa karibu wa wadudu. Ukipuliza sebuleni, pampu ya hewa inavuta ile dawa na kuiingiza majini. Mrututu nao vilevile. Dawa nyingi za madoa meupe ya samaki zina shaba ndani, na shaba inaua kamba. Soma karatasi ya dawa. Ikitaja shaba, samaki mgonjwa atibiwe kwenye ndoo nyingine, dawa isiguse tangi la kamba.

Stima ikipotea usiku kucha, usilishe, na kila baada ya muda chota maji kwa kikombe uyamimine kutoka juu ili yapate hewa. Pampu ndogo ya betri si ghali ukilinganisha na kila kilichomo humo.

Kila wiki moja au mbili badilisha asilimia 10 ya maji kwa maji yenye chumvi na joto lilelile. Usifyonze mchanga karibu na mlango wa shimo. Samaki akipotea siku mbili tatu usichimbue kumtafuta, endelea kuweka chakula kidogo mlangoni jioni, pima amonia, na usubiri. Mara nyingi kamba yuko kwenye kubadilisha gamba na wamejifungia wote wawili.

Na siku moja utakuta kamba amelala kando ya mlango, mweupe, hajitikisi, miguu yote ipo. Usilie. Mwangalie vizuri kwa pembeni, utaona mwanga unapita katikati yake. Hilo ni gamba tupu alilolivua. Liache hapohapo, kwa sababu yeye mwenyewe yuko chini na mwili mpya laini, na usiku atalivuta ndani alile.